Kupitia kwa Mwalimu wa Fizikia

Shule inataka kuipa maabara jina lake, na wameniomba mimi niandike wasifu. Wamesema hakuna aliyekaa naye zaidi yangu, na hilo ni kweli. Miaka minne nilikuwa mwanafunzi wake, kisha nikarudi kufundisha hesabu pale pale, nyumba yangu na yake zikitenganishwa na ua wa majani usiofika hata kifuani. "Andika mazuri tu," mkuu wa shule akaniambia. Haya. Mazuri yapo na nitayaandika. Ila kalamu ni yangu, na yale mengine nitayaandika pia, wakitaka watayafuta wenyewe.

Alikuwa mtu mkubwa. Sisemi cheo, nasema mwili. Mlango wa darasa alipita akiinama, na kiti chake ofisini kilikuwa kimoja, hakuna aliyekikalia hata yeye akiwa likizo. Alivaa koti jeusi refu mwaka mzima, Januari kwenye jua na Julai kwenye baridi ile ya kwetu ya kukata masikio. Wazee wenzake pale dukani Lushoto mjini walimtania, "Mgosi, hilo koti utazikwa nalo," naye anacheka bila sauti, mabega tu ndiyo yanapanda na kushuka.

Hakuwahi kumpiga mwanafunzi. Walimu wengine walikuwa na fimbo, yeye alikuwa na kimya chake. Ukikosea jibu anakutazama, anavua miwani, anaipangusa kwa ncha ya koti, anaivaa tena, halafu anakutazama upya. Wengine tulitamani fimbo, kwa sababu fimbo inakwisha.

Nilichotaka mimi maishani kilikuwa kitu kimoja, na ni yeye aliyenitia hamu hiyo. Nilitaka kwenda kusoma nyota. Hilo naliandika mapema ili mtu asije akaniuliza mwishoni kwamba hasira yote hii ni ya nini.

Kufundisha nyota Lushoto si mchezo. Ukungu unashuka saa kumi jioni na kukaa, na siku ukiondoka, mvua inachukua zamu. Kuna mihula tuliyoona anga safi jioni tatu, labda nne. Yeye hakujali. "Mnadhani wataalamu wanaona?" alituuliza. "Nao hawaoni. Wanahesabu." Siku moja, tukiwa kidato cha tatu, ukungu ulikuwa mzito kiasi kwamba kutoka dirishani hatukuona hata mlingoti wa bendera. Akaniita mimi, niliyekuwa mdogo kuliko wote darasani, akanipeleka nje hatua chache uwanjani, akanishika mikono yote miwili, akaanza kunizungusha. Alizunguka na mimi nikamzunguka, miguu yangu inagusa majani kwa mbali, sweta langu la kijivu limejaa upepo.

Darasani wakapiga kelele za kicheko. "Mwalimu anacheza peke yake! Mwalimu kapagawa!" Kumbe kwa pale walipokaa walimwona yeye tu, lile koti jeusi likiyumba huku na huku. Mimi na sweta langu tulikuwa tumemezwa na ukungu.

Tuliporudi ndani, mimi kizunguzungu, yeye anahema, akachora duara kubwa ubaoni. Akasema huko mbali kuna nyota kubwa kuliko jua letu, na kuna sayari zinazozizunguka, nyingine kubwa kuliko Mshtarii, ile kubwa kuliko zote za jua letu, na hakuna aliyeziona kwa macho. "Wanaitazama nyota. Wakiona inayumba, wanajua kuna mtu kaishika mikono." Nilikaa kwenye dawati langu. Wenzangu walikuwa bado wanacheka. Mimi nilikuwa nimeshaamua.

Jambo la pili alilonifundisha kuhusu nyota ni la uzee. Ilikuwa Julai, saa moja jioni, moja ya zile jioni chache safi, na tulisimama nje ya bweni tukiangalia ile nyekundu kwenye kundi la Nge. Akasema hiyo ni nyota jitu, imezeeka, na nyota ikizeeka hainywei kama binadamu, inavimba.

"Na sayari zinazoizunguka kwa karibu?" nikauliza.

"Zinamezwa."

"Zinajua kama zitamezwa?"

Wasichana wakacheka. Yeye hakucheka. "Sayari haijui kitu, binti. Inazunguka tu," akasema.

Sasa mazuri, maana nimeahidi. Mwaka ule ule niliugua kichomi. Gari la shule lilikuwa bovu, kama kawaida yake. Alinibeba mgongoni, chini ya lile koti, akashuka nami mlima mzima hadi hospitali, na nesi alipotaka kujua yeye ni nani wangu akajibu, "Baba yake." Baba yangu halisi alikuwa kijijini Mtae, na habari ilimfikia baada ya wiki, njia ile ikiwa imekatika kwa mvua. Mama alipokuja kumshukuru alipiga magoti, akamletea jogoo. Mwalimu akamrudishia jogoo, akampa na mbegu za viazi juu. Watu wa namna hiyo wanakufunga. Ukishabebwa na mtu mgongoni, utamdai nini?

Kanisani alikuwa mzee wa kanisa, na sala zake zilikuwa ndefu hadi watoto wanalala. Siku zote aliomba Mungu atuzidishie subira. Saa yake ya mkononi ilikwenda mbele dakika tano kwa makusudi, na mwanafunzi akichelewa dakika moja alibaki nje. Lakini karatasi ya kutiwa sahihi ikiingia mikononi mwake, ala! Karatasi haikuwa na saa.

Nilipokuwa nimesharudi kufundisha, kulikuwa na mwalimu wa kemia, mtu wa Muheza, mwepesi wa maneno kama watu wa kule bondeni walivyo. Alihitaji funguo za stoo ya maabara kwa ajili ya mtihani wa vitendo. Akamwomba Mwalimu wa Fizikia, ambaye ndiye alikuwa mkuu wa idara ya sayansi. Akajibiwa neno moja: "Nimesikia." Zikapita siku mbili. Asubuhi ya tatu, walimu wote tukiwa kwenye chai, mtu wa Muheza akasema kwa sauti yake ya kawaida tu, "Mzee, zile funguo vipi?"

Ofisi nzima ikatazama vikombe. Mwalimu wa Fizikia akavua miwani. Akapangusa. Akavaa.

"Kwenu sijui. Kwetu mkubwa haulizwi mara mbili. Akisikia, amesikia."

Wanafunzi wa kemia muhula ule walifanya vitendo kwa kuchora picha za chupa. Na sisi wenyeji, Mungu atusamehe, tulimlaumu mtu wa Muheza. Tulisema hana adabu.

Ndivyo tulivyolelewa, wala si yeye aliyelianzisha. Huku kwetu ukimwomba mzee jambo, unamwomba mara moja, kwa heshima, kisha unakwenda zako. Kumrudia ni kumwambia amesahau, na kumwambia mzee amesahau ni kumwambia amezeeka. Mama yangu alimwomba babu yangu kipande cha shamba mara moja tu, akasubiri hadi babu akafa, shamba likaenda kwa mwingine. Hakulalamika. Alisifiwa na ukoo mzima kwa adabu yake, na adabu hiyo ndiyo aliyonirithisha, kwa kuwa shamba hakuwa nalo.

Kisha ikatangazwa ile nafasi. Walitafutwa walimu wa sekondari wa kwenda kusoma elimu ya nyota ng'ambo, miaka miwili. Niliisoma karatasi kwenye ubao wa matangazo nikaisoma tena, nikaenda darasani, nikafundisha kipindi kizima cha pembetatu bila kujua ninachosema.

Asiyekuwa mtumishi hataelewa, kwa hiyo nieleze. Barua ya mtumishi haiendi yenyewe. Juu yake unaandika k.k., yaani kupitia kwa, halafu unaorodhesha wakubwa wako, na kila mmoja sharti aandike maneno yake na kuweka sahihi kabla haijapanda kwa anayefuata. Ukimruka mmoja huna nidhamu, na barua inarudishwa na jina lako linakuwa limeshachafuka. Yangu ilipita kwanza kwa mkuu wa idara ya sayansi. Nikafurahi! Nikasema moyoni, afadhali ni yeye, yeye aliyenizungusha kwenye ukungu.

Nilimpelekea nyumbani jioni, kwa mikono miwili, nimekunja goti. Akaisoma amesimama, yote, hadi sahihi yangu. Akaikunja akaitia mfuko wa ndani wa koti.

"Nimesikia," akasema.

Nikasubiri. Kila asubuhi nilimwamkia juu ya ua. "Shikamoo Mwalimu." "Marahaba. Umeamkaje?" "Salama." Nikiyatafuta macho yake, kama kuna kitu. Asubuhi moja akasema, "Lile jambo lako, nimelifikiria," na ndoo ya maji ikanitoka mkononi. Akaendelea, "Zile mbegu zako za viazi, zipande upande wa juu, chini maji yanatuama." Nikasema ahsante Mwalimu. Nikaokota ndoo. Viazi nikapanda upande wa juu na vilistawi, siwezi kusema uongo.

Siku ya mwisho ya kupokea maombi ikapita. Jibu halikuja. Mwaka uliofuata nafasi ikatangazwa tena, na sikuandika, kwa sababu barua ya pili ingepita mikono ile ile, na kumpelekea barua ya pili ni sawa na kumuuliza mara ya pili. Baada ya hapo umri waliouweka ukanipita. Basi nikawageukia watu wa mjini waliotangaza nafasi. Niliwatukana wakubwa wasionijua wala kunikosea, nikasema hawa wanaona Usambara ni mahali pa kuletewa matunda na kabichi, hawaamini kuna mtu wa huku anayeweza kuhesabu njia ya nyota. Niliyasema hayo nimekaa sebuleni kwake, nalia, kikombe cha chai mkononi. Yeye alikuwa amekaa mbele yangu na koti lake. Aliniongezea chai. Aliniacha niwalaumu.

Alipostaafu nilikabidhiwa idara na kabati lake la chuma. Nilikuwa nachambua karatasi, hizi za kuchoma, hizi za kutunza, nikafikia jalada la majaribio ya kidato cha pili. Katikati yake ilikuwepo barua yangu. Mikunjo minne, kama alivyoikunja mbele yangu. Palipotakiwa maneno yake hapakuwa na kitu, ila pembeni, kwa kalamu nyekundu, mwandiko wake mzuri ule: Mtihani upite kwanza.

Na mtihani gani? Shuleni kila mwaka kuna mtihani! Nilicheka peke yangu mle ndani, kicheko cha nguvu, hadi mhudumu wa maabara akachungulia akidhani nimepata habari njema. Chini ya barua yangu ilikuwepo nyingine, ya mtu wa Muheza, akiomba uhamisho akamuuguze mkewe. Nayo haikuwa imeandikwa neno. Yule bwana alishaacha kazi zamani, siku hizi anauza iliki na karafuu sokoni kwao. Mkewe sijui.

Niliondoka na barua yangu. Sikumwambia mtu. Mwalimu wa Fizikia alikuwa amehamia kwake Malindi, ile ya huku kwetu milimani, na mimi nikakaa na lile jambo miaka. Ni aibu kusema, lakini hata baada ya kuiona karatasi kwa macho yangu sikuthubutu kumfuata mzee wa watu nimuulize.

Ndipo binti yake akanipigia simu, mwezi uliopita.

"Dada, Baba anakuulizia. Macho yamekwisha kabisa, mtoto wa jicho. Amesikia redioni kuna sayari kubwa imegunduliwa, inazunguka nyota kubwa huko mbali, basi hatulali. Anataka kusomewa. Sisi tukimsomea anasema hatujui tunachosoma. Anasema wewe ndiye unayejua."

Nikaenda stashonari mjini, nikachapisha habari yenyewe, kurasa nne. Nikatia mkobani. Nikatia na barua. Pikipiki ikanipandisha Malindi kwenye matope, na njia nzima nilikuwa naapa: leo simpi shikamoo. Nitasema habari za hapa, kama kwa mtu wa rika langu, na aelewe.

Alikuwa barazani, kwenye kigoda, amejifunika blanketi. Loo, yule mtu! Nyota ikizeeka inavimba, mwenyewe ndiye aliyetufundisha. Yeye alikuwa amenywea. Koti jeusi lilikuwa limetundikwa ukutani nyuma yake, kubwa kuliko mwenye koti. Akasikia hatua zangu, akainua uso.

"Shikamoo Mwalimu," nikasema. Mdomo wangu mwenyewe. Goti nalo likakunjika, kwa mtu asiyeona.

"Marahaba, binti yangu. Nilijua utakuja."

Binti yake akaleta chai na viazi vya kuchemsha, akarudi jikoni. Nikaanza kusoma. Nikamsomea kwamba nyota hiyo ni jitu, imezeeka na kuvimba, na sayari yenyewe ni kubwa kuliko Mshtarii. Kwamba wataalamu walidhani sayari haiwezi kudumu mahali kama pale, lakini hii ipo. Kwamba hakuna aliyeiona. Walijua ipo kwa sababu nyota inayumba.

"Kashikwa mikono," akasema, akatabasamu. "Unakumbuka? Nilikuzungusha kwenye ukungu wakadhani nacheza peke yangu."

"Nakumbuka."

"Ulikuwa mwepesi. Endelea."

Nikageuza ukurasa, na nilichokitoa mkobani hakikuwa ukurasa wa tatu. Nikasoma kwa sauti ile ile, bila haraka. "Kuh: ombi la nafasi ya masomo ya elimu ya nyota. K.k. Mkuu wa Idara ya Sayansi. K.k. Mkuu wa Shule. Tafadhali rejea kichwa cha habari hapo juu. Mimi ni mwalimu wa hesabu..." Nikaisoma yote. Nikamaliza na maneno mekundu ya pembeni.

Mkono wake ulikwenda usoni kutafuta miwani ya kuvua. Miwani haikuwepo.

"Kwa nini, Mwalimu?"

Jogoo wa jirani akawika, akawika tena. "Hesabu angefundisha nani?" akasema hatimaye. "Mwaka ule tulikuwa na wewe tu. Nilisema mtihani ukipita nitaandika. Halafu ukaja mwingine."

"Nililia sebuleni kwako."

"Uliwalilia watu wa mjini. Hukuniuliza mimi." Akageuza uso upande wangu, macho meupe, na sauti yake haikuwa na ukali wowote, ndiyo iliyoniua. "Ungeniuliza, mama. Mara moja zaidi tu. Ningeitoa siku hiyo hiyo."

"Mkubwa haulizwi mara mbili," nikamwambia.

Akakunja uso kama mtu anayetafuta kitu alikiweka wapi.

"Nani alisema hivyo?"

Nilikuwa na maneno niliyoyatunza miaka, mengine ya matusi, na yote yakanikauka. Hakuwa anajitetea. Alikuwa amesahau kweli. Maisha yangu nimeyaishi ndani ya sentensi yake, na yeye haikumbuki.

Nikaikunja barua. Nikaikusanya pamoja na zile kurasa, mbili hazijasomwa bado, nikazitia mkobani. Akasikia karatasi zinakunjwa.

"Bado hujamaliza. Mwishoni inakuwaje? Inamezwa, au inapona?"

Nikafunga mkoba.

"Utakuja kunisomea iliyobaki?"

Nikasimama. Ukungu ulikuwa umeanza kupanda kutoka bondeni, dereva wa pikipiki anapiga honi njiani. Mzee akanyoosha mkono pale nilipokuwa nimekaa, akapapasa benchi, akakuta sipo.

"Binti yangu," akauliza tena, "utakuja?"

"Nimesikia, Mwalimu," nikamwambia, nikateremka kwenda kwenye pikipiki.